Maji Nyumbani kwa Bwana Shamba

Siku hizi mnasema kijiwe. Sisi pale Malangali, Sumbawanga, tulisema Gogoni, kwa kuwa palikuwa na gogo la mkaratusi lililoachwa na watu wa barabara, na wanaume wakalikalia mpaka likang'aa kuliko madawati ya shule. Mimi niliweka jiko langu la mkaa na birika mwisho wa gogo, upande usiopigwa sana na upepo wa milima ya Mbizi, nikauza kahawa chungu, maana sukari ya duka la ushirika ilikuja siku iliyotaka yenyewe. Ng'ambo ya barabara, hatua kama kumi hivi, ulikuwa mlango wa mbele wa nyumba ya Lutengano, bwana shamba, kijana wa Tukuyu. Nyumba ya matofali mabichi, bati juu, sakafu ya saruji, imejengwa kwenye mteremko: mgongo mlimani, uso barabarani. Hayo ya mgongo na uso uyashike, utayahitaji.

Jumapili hiyo, masika ya mwaka sabini na tano, mvua ilipiga wakati wa misa ya kwanza mpaka padre akakatisha mahubiri, jambo ambalo sikulilalamikia. Maji yakashuka mlimani, yakaingia kwa mlango wa nyuma wa Lutengano, yakajaa ndani. Kutoka yakashindwa, kwa sababu mwenye nyumba alikuwa amejenga kizingiti cha mbele kirefu kufika katikati ya muundi, ili maji ya barabarani yasiingie. Lutengano mwenyewe alikuwa safarini kijiji cha Mwimbi, amepeleka mbegu. Ndani alikuwemo mkewe, Atusaye, mimba ya miezi saba, na karai moja. Mimi na Josefina jirani yake tulimsaidia kutoa godoro na magunia mawili ya ulezi, kisha Josefina akakimbilia misa ya pili, yeye ni wa kwaya. Nami nikarudi kwenye birika langu, magoti yamekwisha. Lakini nilikuwa nimeupapasa ukuta. Tofali bichi likinywa maji kutwa nzima, jioni linakuwa uji. Na juu ya Mbizi wingu la pili lilikuwa limeshakaa linatungoja.

Gogoni walikuwepo watatu. Leonsi tulimwita Injinia, kwa sababu aliwahi kuwashikia kamba wapimaji wa barabara wiki mbili. Flavian tulimwita Chuma: babu yake aliyeyusha chuma katika yale matanuri marefu ya zamani, lakini yeye hata msumari hajawahi kuunyoosha. Wa tatu ni mzee Isakwisa, tarishi mstaafu, tuliyemwita Azimio. Huyu ndiye baba yake Lutengano. Amehamia Sumbawanga awe karibu na mwanawe; karibu, si pamoja, kwa maana kwao Wanyakyusa mke wa mtoto na baba mkwe hawaonani. Hawasalimiani, hawatajani majina, wakikutana njiani mmoja anaingia porini. Kwa hiyo alipanga chumba kwa Flavian.

Asubuhi ile Azimio alifika wa kwanza, mvua haijakatika vizuri. Akaketi katikati ya gogo, akaukabili mlango wa mwanawe, gazeti la wiki mbili zilizopita mkononi.

— Mimi siondoki hapa, akasema, mpaka nyumba ya mtoto wangu iwe kavu.

— Na utaikausha kwa macho? nikamwuliza.

— Nitasimamia, Bibi Kalista. Kila kazi ina msimamizi.

Mlango wa mbele ukafunguka kidogo. Tukaona karai, tukaona mikono miwili. Azimio akapandisha gazeti usoni haraka kama mtu aliyerushiwa jiwe. Mlango ukafungwa.

— Ameamua kupumzika, Injinia akasema.

— Apumzike, Chuma akaitikia. Mtu mzito yule.

— Basi nendeni mkamsaidie, nikasema. Mikono mnayo.

Injinia akanitazama kana kwamba nimetukana.

— Bibi, mwenye nyumba hayupo! Niingie nyumba ya mtu, nipite chumbani, mkewe yumo? Lutengano akirudi nitamwambia nini?

— Utamwambia ulikuwa umebeba ndoo.

— Kwanza tukubaliane njia, Azimio akasema kutoka nyuma ya gazeti. Watu wakivamia kazi bila mpango wanaongeza hasara. Ndugu Leonsi, wewe ni mtaalamu. Toa maelezo.

Injinia akajikohoza, akanyoosha kikombe nikijaze. Huyo hawezi kutoa maelezo akiwa mkavu.

— Maji, akasema, yanapenda kushuka. Sasa sisi Sumbawanga tuko wapi?

— Malangali, nikasema.

— Tuko juu! Ufipa yote iko juu. Na Muze iko wapi? Chini kabisa, kwenye bonde la Rukwa. Kwa hiyo tusihangaike na makarai. Tunatoboa sakafu katikati ya sebule, tundu moja la maana, tunakwenda chini, chini, mpaka tunatokea upande wa Muze. Maji yanateremka yenyewe, yanaingia ziwani. Na mwakani pia, na mwaka wa tatu. Mmemaliza habari ya mafuriko.

— Tundu la urefu gani? Chuma akauliza.

— Hilo la kupima. Mimi kamba naijua.

— Kamba uliishika, nikasema, hukuisoma.

Chuma akacheka mpaka kahawa ikamtoka puani. Alipojifuta akageuka mtaalamu na yeye.

— Kutoa maji si kazi, ndugu zangu. Kazi ni kukausha. Hata ukiyatoa yote, ukuta umeshakunywa. Hapo ndipo mnamhitaji mtu wa ukoo wetu. Babu yangu alikuwa na mivukuto ya ngozi ya mbuzi. Ukiipuliza, jiwe linalia machozi ya chuma! Sasa nyumba inashindwaje? Tunaweka mivukuto minne, kila dirisha mmoja. Upepo unaingia, unyevu unatoka.

— Nyumba ina madirisha mawili, nikasema.

— Basi miwili kwa nguvu mara mbili. Halafu katikati tunaweka mkaa. Sikilizeni hapa sasa. Hayo matofali ni mabichi, si ndiyo? Tunaongeza mkaa. Tunaongeza tena. Tunafunga mlango, tunavukuta siku mbili mchana kutwa. Jumatano unafungua, matofali yote yamekuwa ya kuchoma! Nyumba nzima tanuri moja. Lutengano aliondoka na nyumba mbichi, anarudi anakuta imeiva.

— Na bati? Injinia akauliza.

— Bati litavumilia.

— Na paa lenyewe? Mbao?

Chuma akanywa kahawa taratibu.

— Kila mpango una upungufu wake, akasema.

Mlango ukafunguka tena. Karai likatokeza, safari hii na bega. Gazeti likapanda. Karai likarudi ndani, mlango ukajifunga polepole.

— Inaelekea yamebaki machache, Injinia akasema. Angekuwa na mengi angetoka.

Nikanyanyuka, nikavuka barabara, nikaweka kidole ukutani chini ya dirisha. Asubuhi unyevu ulikuwa umefika tofali la pili. Sasa ulikuwa la tatu na unalilamba la nne. Nikawarudia.

— Yamezidi, nikasema. Huyu mtoto anachota tangu saa mbili na maji hayapungui. Kona ya jikoni ukiibonyeza inaingia kidole.

Hapo nilimwona Azimio amebadilika. Mzee yule alipenda kujikweza kwa maneno ya ofisini, lakini mjukuu wa kwanza alikuwa njiani na nyumba ile aliisimamia ikijengwa tofali kwa tofali, asubuhi, Atusaye akiwa kisimani.

— Basi tusicheze tena, akasema. Tuandike barua.

— Barua! nikasema.

— Serikali ina pampu. Mbeya ipo, nimeiona kwa macho yangu, ina mdomo kama wa kiboko. Tunaandika kupitia kwa balozi wa nyumba kumi, balozi anapeleka kwa katibu, katibu anapeleka wilayani, wilaya inapiga simu mkoani...

— Leo Jumapili, Chuma akamkumbusha.

— Kwa hiyo barua itakuwa tayari kesho alfajiri. Na ikishindikana, nyumba yenyewe nayo ijitegemee. Tusiizoeze kukaushwa kila siku. Maji haya ni kama mnyonyaji, ndugu zangu: yameingia nyumba ya mtu, hayakujenga, hayakulima, yamekaa tu yanajaza nafasi. Yapingwe kwa umoja!

— Kama ni kukaa tu na kujaza nafasi, nikasema, hata hapa gogoni wamo.

Radi ikanguruma Mbizi. Wote wanne tukageukia mlimani.

Wakati huohuo akatokea mwanamke ubavuni mwa nyumba ya Lutengano, anatoka upande wa mlimani, kikapu cha samaki wakavu kichwani, khanga ameipandisha magotini, miguu matope matupu. Akavuka, akatusalimu vizuri, wanaume shikamoo na mimi shikamoo, akatua kikapu. Anaitwa Luciana, ametoka Muze kwa lori, likamwacha kule juu akakata njia. Nikampa kahawa na mahali pa kukaa. Injinia, hana aibu yule, akamweleza habari yote, na lile tundu lake la kutokea Muze hakuliacha.

— Kumbe ni ninyi, Luciana akasema. Kila masika tunalala darini na kuku, tunajiuliza nani huko juu anatufungulia.

— Ni wazo tu, mama.

— Libaki hukohuko juu.

Akanywa. Kisha akaigeukia ile nyumba, kama mtu aliyekumbuka kitu.

— Lakini mniambie jambo moja, sisi tumezoea maji, mimi nimeshangaa. Nimepita nyuma ya ile nyumba. Yule mama mjamzito anachota kwa karai, anamwaga nje kwa mlango wa nyuma. Pale ni mlimani! Anamwaga, yanazunguka, yanaingia tena miguuni mwake. Nimemwambia, "Mwanangu, mwaga mbele, huko kuna mteremko." Ameinamisha kichwa tu. Kwa nini hamwagi mbele?



Injinia aliangalia ndani ya kikombe chake, na kikombe kilikuwa kitupu. Chuma akawa anakwangua ganda la gogo kwa ukucha. Mimi ulimi wangu unajulikana mpaka Mwimbi, lakini nilimtazama Azimio, lile gazeti bado liko karibu na uso, na mlango ule umefungwa mbele yake, nikaona mimi ndiye niliyekuwa mjinga kuliko wote. Nimeuza kahawa asubuhi nzima, nimeona karai likitokeza mara mbili na kurudi, nikashughulika kuwacheka wanaume. Na jibu sasa ninalo, lakini unamwambiaje mzee aliyekuja kuilinda nyumba ya mwanawe kwamba maji ni yeye anayeyafungia ndani?

Ikabidi ajiambie mwenyewe. Alikunja gazeti mara mbili, mara nne, akaliweka mfukoni. Hakututazama.

— Bibi Kalista, akasema, gogo hili lina unyevu. Nimekaa mno.

— Limelowa, mzee, nikasema. Ni kweli.

— Ndugu Leonsi, jembe lako liko wapi?

— Kwangu, mzee. Nyuma ya mlango.

— Kalilete. Na wewe Flavian, la kwako.

Yalipoletwa, mzee akalichukua la Leonsi, akashika barabara, akazunguka mbali kupitia kwa seremala, nyumba ya chini ya barabara, ili asipite karibu na mlango wala dirisha. Alipofika nyuma mlimani alikohoa, kikohozi kikubwa cha kutangaza, kilichosikika mpaka gogoni. Papo hapo mlango wa mbele ukafunguka wote, Atusaye akatoka na karai lake mbele, akamwaga barabarani. Maji yakateremka bila kugeuka nyuma.

Basi na sisi tukavuka. Luciana akaliomba jembe la Flavian, akaliinua juu ya kizingiti.

— Mume wangu alikijenga kwa wiki nzima, Atusaye akasema kwa sauti ndogo.

— Mikono aliyojengea amekwenda nayo Mwimbi na atarudi nayo, nikasema. Vunja.

Ukishavunja kizingiti hutafuti tena ujuzi. Maji yalitoka yenyewe kama watoto wa shule. Tukasukuma yaliyobaki kwa mifagio, tukafyonza pembeni kwa magunia makavu na kuyakamua nje, nikaleta debe langu la majivu nikayamwaga chini ya kuta yanyonye. Milango yote miwili wazi, madirisha wazi. Flavian akaja na mkaa wake, nikamfukuza: ukuta mbichi ukiuwashia moto ungali umelowa unapasuka, kwanza upewe upepo, moto siku ya tatu. Alisema babu yake angenielewa vibaya. Nikamwambia babu yake na ajenge kwake. Injinia naye aliegemeza miti miwili kwenye kona ya jikoni, na haki yake nimpe, aliiegemeza vizuri.

Nyuma, Azimio alichimba mfereji. Umri ule, jembe la mtu, mgongo ameuelekeza nyumba asije akaona kitu kupitia mlango. Kila aliposogea alikohoa. Kila Atusaye alipomaliza upande mmoja alipiga karai kwa kiganja, mara moja, ajulikane yuko wapi. Wakaendelea hivyo mpaka saa saba, huyu anakohoa, huyu anapiga karai, nyumba ikiwa katikati yao. Mimi ndiye niliyezunguka na magoti haya.

— Muulize, akaniambia mzee, ukuta wa huko umefika wapi?

Nikaenda, nikauliza, nikarudi.

— Anasema tofali la nne, haupandi tena.

— Mwambie huku pia umesimama. Mwambie akae chini sasa.

— Anasema atakaa ukikaa wewe.

Mzee akatazama jembe. Kisha akaketi juu ya udongo aliouchimba, na upande wa pili nikasikia kigoda kikivutwa.

Mvua ya pili ilikuja saa nane, ikaingia katika mfereji wa Azimio, ikapita ubavuni ikaenda zake. Kona ya jikoni ilianguka Jumanne hata hivyo, hatukuiwahi. Nyingine zilisimama, na Lutengano aliporudi alikuta ana jiko la kujenga na kizingiti cha kuelezwa.

Gogo tulilihamisha Jumatatu asubuhi, watu sita, tukalipeleka chini ya barabara karibu na kwa seremala. Ukikaa pale mlango wa bwana shamba huuoni kabisa. Kuna upepo mbaya, mkaa wangu unaisha upesi, na Injinia anamwambia kila mgeni kwamba mahali pale alipapima yeye kwa kamba.