Wakwe wa Nusu Kisiwa

Kijiwe chetu kiko Annandale, Virginia, huku Marekani, mbele ya londri ya Mkorea, kwenye benchi aliloweka kwa ajili ya wateja wake na sisi tukalitwaa bila kufua hata soksi. Mwatumu wa Mombasa huleta chupa ya kahawa tungu na kashata, na kwa kuwa kahawa ni yake, ana haki ya kumsema yeyote. Fahmi wa Tanga tunamwita Balozi, maana aliwahi kuendesha gari la ubalozi miezi michache na tangu hapo anaongea kama aliyetia saini mikataba. Wainaina tunamwita Jipiesi; anabeba abiria, anajua dunia nzima isipokuwa njia. Jumapili hiyo, kwa mara ya kwanza, tulikuwa na kazi ya maana. Mwenzetu Boniface, mtu wa Bukoba, alikuwa anapokea posa ya binti yake Anitha saa kumi jioni, na mposaji, kijana anayeitwa Mark, ni wa ukoo wa Haiti. Desturi inataka wazee wa binti wachunguze kwao kijana kabla ya kutoa neno. Wazee wenyewe ndio sisi, Mungu amsaidie Anitha.

Mwisho wa benchi alikaa mzee mmoja mwenye kofia na mkongojo, tukadhani anasubiri nguo zikauke. Mwatumu alimpa kikombe bila kumuuliza, kama anavyowapa wote. Hatukushusha sauti. Hapa Virginia Kiswahili ndio ukuta wetu. Nyuma yake tumesengenya mabosi, majirani na mapadri, na hajawahi kugeuka mtu.

JIPIESI: Haiti naijua vizuri. Unatoka Florida, unaiacha Kuba mkono wa kulia, umefika. Shida ni moja, ni nusu kisiwa.

BALOZI: Nusu nyingine ya nani?

JIPIESI: Ya Wadominika. Hao wanaongea Kispanishi, hawa Kifaransa na Kikreoli. Sasa mtu amezaliwa akishea kisiwa, si atakuja kushea bibi?

MWATUMU: Wewe unashea besimenti na wanaume wenzio, na hatujakunyima kahawa.

BALOZI: Tuongee kidiplomasia. Wale walikuwa watumwa, wakawatimua mabwana zao wa Kifaransa, mwaka 1804 wakajitangazia uhuru. Napoleoni alipoona jeshi lake linateketea kule, akakata tamaa na bara hili lote, akawauzia Wamarekani Louisiana. Kwa hiyo Marekani hii, kipande kikubwa, tumeipata kwa jasho la wakwe.

BONIFACE: Inanihusu nini?

BALOZI: Ukitamka ng'ombe wa mahari, watakukumbusha Louisiana.

JIPIESI: Lakini Virginia haikuwa ndani ya Louisiana.

BALOZI: Mipaka ni maongezi.

Boniface hakucheka. Tangu Ijumaa alikuwa ameamua kukataa, na tangu Ijumaa mkewe alikuwa anampakulia chakula na kuondoka. Anitha naye alishamwambia kwamba akikataa, wao wataandikishana kortini Arlington, na yeye atapelekewa picha. Ni binti yake wa pekee. Alikuja kijiweni tumpe sababu nzuri za kukataa, au za kukubali, na mimi nilikuwa naona anapewa upuuzi mtupu.

BONIFACE: Kijana sina ubaya naye. Ananiita papa. Lakini nitamwozaje mtoto kwa watu nisiojua kwao? Kule ni kimbunga, ni tetemeko.

JIPIESI: Alafu hivyo vimbunga, vingi vinaanzia upande wa Afrika Magharibi ndiyo vivuke bahari. Niliona kwa simu.

BALOZI: Unaona sasa. Ni mizimu ya ukoo hiyo, inawafuata watu wake. Anitha akiolewa kule, na yeye ataingizwa kwenye hesabu ya mizimu.

MWATUMU: Kimbunga kitoke kwetu, halafu makosa yawe ya Wahaiti. Haya, endeleeni.

JIPIESI: Tena Kolumbasi alifika kisiwa hicho akidhani ni Bara Hindi. Nchi iliyoanza kwa mtu kupotea, itamfikisha Anitha wapi?

MWATUMU: Juzi umembeba abiria wa kwenda Columbia ukamshusha Baltimore, na simu yakuongelesha njia nzima.

JIPIESI: Mwenye macho haambiwi tazama.

MWATUMU: Hiyo haiingii hapo.

JIPIESI: Basi mkataa kwao ni mtumwa. Hao walikuwa watumwa, maana yake walikataa kwao.

MWATUMU: Walichukuliwa kwa minyororo, Wainaina. Hawakukataa.

Mwatumu akikuita kwa jina lako halisi, ujue umevuka mstari. Hata mimi niliyekuwa nacheka niliona aibu. Mzee wa mwisho wa benchi aliweka kikombe juu ya goti akakitazama.

Balozi akaona aokoe hali kwa ushauri. Nyumbani kwa Boniface kuna kiti karibu na mlango, mguu wake mmoja umelegea, sote kimetuangusha kwa zamu. Balozi akasema babu wa Mark, atakayekuja na posa, akalishwe pale.

BALOZI: Akianguka mara moja tu, mazungumzo yanakwisha kwa heshima. Wewe hujakataa, kiti ndicho kimekataa.

Boniface akacheka kwa mara ya kwanza siku hiyo.

BONIFACE: Haya. Kiti hicho ni cha babu yao.

— Mama, kahawa ingine iko?

Ni yule mzee. Mwatumu alibaki na chupa mkononi. Sisi wengine tulianza kukumbuka yote tuliyosema tangu asubuhi.

Akatueleza taratibu, kwa Kiswahili cha Kongo. Wabelgiji walipoondoka kule, walimu wengi kutoka Haiti walikwenda kujaza nafasi, naye alikuwa mmoja wao. Alifundisha hesabu Bukavu mpaka akaota mvi. Mark ni mjukuu wake. Kijana alimwambia kwamba baba wa Anitha na wazee wake hukaa hapa, akaona aje mapema atazame, maana na upande wa kijana huchunguza.

BALOZI: Shikamoo mzee.

Hakuitikia. Labda Bukavu hawakumfundisha, labda hakutaka.

— Miye nilikuja na ulizo moja tu, akamwambia Boniface. Ule binti, kwabo ni wapi?

— Bukoba, Boniface akajibu haraka. Tanzania, kando ya Ziwa Viktoria.

— Alishafika?

— Bado. Alizaliwa Arlington.

— Na weye baba yake, mara ya mwisho ulifika kule lini?

Boniface alitazama ndani ya kikombe. Halafu akasema jambo ambalo hakuwahi kutuambia miaka yote tunakunywa pamoja: mama yake alizikwa yeye akitazama kwenye simu, na simu ikakata kabla jeneza halijashushwa.

Nilingoja mzee atunyuke. Ningekuwa mimi ningenyuka. Yeye alitikisa kichwa tu.

— Miye pia, akasema. Nilitoka kwetu kijana. Wakati nilitaka kurudi, njia ilikuwa imefungwa. Sikuulizi ili nikucheke. Hawa batoto watazaa. Mutoto wao akituuliza kwabo ni wapi, weye na miye tutamujibu nini?

Jipiesi alitoa simu, akaiangalia, akairudisha mfukoni. Mwatumu akainamisha chupa juu ya kikombe cha mzee, yakatoka machicha. Gari la Mark likaingia maegeshoni, na Boniface ndiye aliyemshika mzee kiwiko akamsaidia kusimama.

— Saa kumi nitakungoja mlangoni mwenyewe, Boniface akasema. Na kile kiti, mzee, nitakikalia mimi.

— Acha, mzee akasema. Nitakuja na musumari.