Chupa za Kathini Zimechacha

Nyuma ya soko la Ukunda, pale ukuta wa duka la simiti unapotupa kivuli chake alasiri, kuna benchi lililotengenezwa kwa mlango wa zamani, na wanaolikalia hawajawahi kushindwa kueleza jambo lolote. Mbarak, mwenye dele la kahawa, ndiye mmiminaji. Menza huitwa Daktari kwa kuwa alilazwa hospitalini wiki mbili akatoka anayajua magonjwa yote. Tsuma ni Mjumbe. Amegombea udiwani mara mbili na wadi ikamkataa mara mbili. Muthoka, Mkamba wa Shimba Hills, huuza mboga kwenye meza iliyo hatua chache tu kutoka hapo, na Jumamosi hiyo alikuwa amekaa katikati yao, chupa ya matango mapajani, uso umemshuka.

Matango yalikuwa ya mkewe, Kathini. Shamba lao lilikuwa limeiva lote kwa mpigo, na bei sokoni ikaanguka. Kathini hakukaa kulia. Aliyakata duara nyembamba, akayalaza kwenye chumvi, akachemsha siki na sukari, haradali na bizari, akajaza chupa zilizotoka kwenye maji ya moto, akafunga mpaka kila kifuniko kikajivuta ndani chenyewe. Mpishi wa hoteli moja ya Diani alipelekewa kibakuli aonje, akasema atatuma mtu Jumamosi azichukue zote, na zikifika salama atakuwa ananunua kwa Kathini mwaka mzima. Muthoka alipewa kazi ya kuzihifadhi tu, chini ya meza yake, wiki hiyo moja.

— Zimechacha, alisema Muthoka. Zote.

— Hebu lete ninuse, akasema Daktari. Akanusa, akafumba macho. — Nilijua. Hii ni baridi imepigana na moto. Tango ni baridi, ukilila usiku unaamka unakohoa. Sukari ni moto. Huyu mama amewafungia maadui wawili chumba kimoja.

— Kwa hivyo kosa ni la mke wangu, alisema Muthoka upesi.

— La nani tena? Mimi nilipofungua yangu Jumatatu niliisikia ikihema. Fyuu. Mgonjwa wa pumu hupumua hivyo hivyo.

Muthoka aliikumbuka hiyo fyuu. Siku ile yeye mwenyewe aliisifu sana, akasema ndiyo dalili ya mali safi.

— Daktari, tuondolee habari za wodini, akaingia Mjumbe. Hii ni siasa. Matango ya chupa yanayoliwa mahotelini yanatoka wapi? Ng'ambo. Yanakuja kwa meli, na kuna watu wanakula hapo katikati. Sasa anatokea mwanamke wa Shimba Hills na sufuria lake. Unadhani watamtazama tu?

— Wamefanya nini? aliuliza Mbarak.

— Wametuma mtu kutia dawa.

— Aitie vipi, na chupa zimefungwa?

— Hapo ndipo pa kujiuliza. Mimi yangu niliifungua Jumanne kwa mkono wangu, Muthoka ni shahidi. Alitaka kunipa ile ya Daktari, nikamwambia hapana bwana, mimi sili makombo ya mtu. Nikafungua mpya, nikala vipande viwili kwa adabu, nikaifunga. Haya itazameni leo, hiyo hapo ya pembeni. Ina ukungu. Nani kauingiza?

Muthoka aliitazama, akatikisa kichwa kwa uchungu. Lakini angefanyaje? Mtu mzima humpi chupa iliyokwisha tiwa vidole vya mwenzake. Kila mmoja alistahili yake, ilie fyuu mbele ya macho yake. Kathini alimwagiza jambo moja tu, kwamba asiguse vifuniko. Kathini ni mwanamke wa shamba, hakai kijiweni. Hajui raha ya kusikia wanaume wazima wakilamba vidole na kukuambia umeoa.

— Nyote mnazunguka tu, alisema Mbarak, akimimina. Achari ni ndimu, pilipili na jua. Marehemu bibi yangu alikuwa akiianika juu ya paa mpaka inaiva, na hakuna kilichothubutu kuigusa. Pilipili ndiyo askari. Ukiitoa pilipili ukatia sukari, umewakaribisha wenyewe.

— Wenyewe kina nani?

— Siwataji, magharibi iko karibu. Ila wanapenda vitamu. Nilipompelekea mwalimu wa madrasa ile chupa yake, alionja akaniambia, Mbarak, utamu huu si wa kawaida. Na yule ni mtu wa dini.

— Hata mwenye nyumba wangu alisema hivyo hivyo, Muthoka akakumbuka. Na wale vijana wa bodaboda.

— Umeona sasa.

Mjumbe hakukubali kuachwa nyuma. Akasema jini anaweza kuwepo, yeye hapingi, lakini amekodiwa. Wale wa meli wamemkodi huko huko ng'ambo, wakamsafirisha pamoja na mzigo. Daktari akaongeza kwamba jini aliyetoka nchi ya baridi akikutana na sukari lazima apate homa, na povu lile ni jasho lake. Vikombe vya pili vilipokwisha walikuwa wamekubaliana: baridi, siasa na jini, na aliyewafungulia mlango wote hao ni Kathini kwa uzembe wake. Muthoka akaona moyo unamtulia. Akatoa simu ampigie mkewe amwambie amemwaibisha mbele ya watu.

Kabla hajabonyeza, mwanamke mwenye aproni nyeupe akasimama mbele yao na kreti tupu.

— Shikamooni wazee.

— Marahaba, wakaitikia.

— Mimi ni Dianah, nimetumwa na mpishi. Nimefuata matango ya Bi Kathini.

Wakamweleza yote, kwa zamu, mpaka homa ya jini. Dianah alisikiliza hadi mwisho. Akachuchumaa kwenye meza, akashika kifuniko kwa vidole viwili. Kikatoka bila mlio. Akajaribu cha pili, kikatoka hivyo hivyo.

— Hizi zilishafunguliwa, alisema. Kwa joto hili lazima zichache. Ambazo hazijafunguliwa ziko wapi?

Daktari akatazama ndani ya kikombe chake. Mjumbe, aliyewahi kuhutubia viti vitupu saa nzima, akaanza kufunga kamba ya kiatu. Mbarak akainua dele, akalitikisa, akalirudisha chini. Lilikuwa tupu.

Simu ikalia mkononi mwa Muthoka. Ni Kathini, bila shaka anataka kujua kama watu wa hoteli wamefika. Muthoka akampa Mbarak. Mbarak akampa Mjumbe, akimnong'oneza kwamba yeye ndiye msemaji. Mjumbe akampa Daktari, na Daktari, kwa kuwa benchi liliishia kwake, akailaza kati ya vikombe. Ikalia mpaka ikanyamaza, kisha ikaanza tena.

Dianah akainama, akaichukua.

— Halo, Bi Kathini? Hapana, mumeo hajapatwa na kitu. Yupo hapa, amekaa na wenzake.