Machozi ya Leonila Abrenica

Ndani ya jipni, gari la abiria la mjini Manila, iliyokuwa ikienda Quiapo, mwigizaji Leonila Abrenica alishusha kitambaa kufunika uso. Abiria wawili wasiojuana, mzee mmoja na mama mwenye kikapu cha samaki, walikuwa wameona bango la filamu yake ya zamani barabarani, na sasa walikuwa wakimjadili yeye mwenyewe bila kumtambua.

"Huyo alijua kulia tu," mzee alisema. "Filamu ishirini, machozi yale yale!"

"Mzee wangu, kaka yangu alikwenda vitani asirudi," mama akamjibu. "Mama yetu hakulia. Miaka mitatu alimwekea sahani mezani kila jioni. Tulipompeleka sinema kumwona Leonila akimzika mumewe, alilia mpaka tukamtoa nje. Tuliporudi nyumbani akaiondoa ile sahani."

"Pole, mama. Lakini kulia si kuigiza. Hata mtoto mchanga analia."

"Basi lia wewe, tukuone!"

Jipni nzima ikaangua kicheko.

Leonila hakucheka. Siku ile ya kurekodi mazishi ya filamuni, machozi yalimgomea mara tisa. Mara ya kumi alilia kwa ufundi mtupu, huku akiwazia viatu vilivyombana, na kwa miaka thelathini alijiona amewalaghai wafiwa.

Jipni ikasimama kanisani. Wale wawili walishuka wakiendelea kubishana, kisha mama akageuka kumpa Leonila mkono ashuke. "Taratibu, bibi."

Leonila aliushika mkono ule, na hata alipokwisha kukanyaga chini hakuuachia upesi.