Fundi Mafaili na Viongezo vya Watu Tusiowajua

Marehemu, ambaye wengi tulimwita Fundi Mafaili, alizaliwa tarehe 9 Machi 1979, kitinda mimba wa seremala na mshonaji. Maneno haya yanasomwa na dada yake kwa sababu mjane ameshindwa. Tangu Jumanne anauliza swali moja tu: "Jamani, si alikuwa mzima?"

Alisoma msingi na sekondari mtaani kwao, akapata stashahada ya kompyuta mwaka 2001. Aliajiriwa masjala ya hospitali, kuangalia kompyuta kuukuu zilizokwenda mwendo wa kinyonga. Hapo ndipo alipotunga programu ya kupangia mafaili kwa maandishi matupu, bila picha wala kipanya, akaitoa bure kwa yeyote. Watu wakaanza kumtumia viongezo, yaani vipande vidogo vya kuipa programu uwezo mpya. Kila kimoja alikijaribu kwanza kwenye mafaili yake mwenyewe. "Siwezi kumpakulia mgeni chakula sijaonja," alisema. Nyumbani, tusifichane, tulidhani anapoteza muda.

Alifunga ndoa tarehe 14 Agosti 2006. Mwaka wa tatu wa ndoa, kiongezo cha kuondoa mafaili yaliyojirudia kilifagia picha zote za harusi. Mkewe alimnunia wiki nzima. Yeye akamwandikia aliyekitengeneza: "Asante, bora imekula kwangu kuliko kwa wengine."

Hakuugua hata mafua. Jumanne, tarehe 3 Juni 2025, saa nne na dakika kumi asubuhi, moyo ulisimama akiwa mezani kwake nyumbani, mbele ya kompyuta. Daktari alisema hakuna ambacho kingefanyika. Tumepigwa na butwaa. Hata machozi yamechelewa.

Kesho yake mkewe alifungua kompyuta ili aizime. Akakuta kiongezo cha mwalimu mmoja asiyeona, cha kumsomea majina ya mafaili kwa sauti, ambacho marehemu alikuwa katikati ya kukijaribu. Mwalimu alikuwa ameandika mara tatu. Ujumbe wa mwisho ulisema: "Kaka, kimya chako kinanitisha. Nimekosea wapi?"

Mjane alikaa kwenye kiti kile, akatafuta herufi moja moja. Ilikuwa mara yake ya kwanza kuyasema: "Hujakosea, mwalimu. Mume wangu amefariki."

Ameacha mjane, mabinti wawili, dada mmoja, na watu mia mbili na kumi na mmoja waliomtumia kazi zao, ambao hatukuwajua hadi wiki hii. Apumzike kwa amani, ingawa sisi bado hatujaamini.