Msiba Usio na Siku ya Mazishi

Mmekuja tena kunisumbua na habari za yule mtengeneza filamu, kana kwamba sina viazi vya kumenya. Haya, kaeni, na asinikate mtu kauli. Pale Haarlem, kando ya mto Spaarne, palikuwa na benchi mbele ya kibanda cha kahawa cha Bi Trui. Waliolikalia ni wale wale: Krelis mwenye mashua ya makaa, waliyemwita Admirali ingawa bahari anaisikia tu, Geurt mshona viatu, waliyemwita Profesa kwa kuwa husoma gazeti lililofungiwa samaki wake, na Barend, mtangaza misiba. Mtu akifa, Barend huvaa joho na kofia nyeusi, akabisha mlango kwa mlango kumtaja marehemu, na mtaa mzima hufunga mapazia. Asubuhi hiyo mapazia yalikuwa yamefungwa kwa ajili ya Bwana Terhorst, wa kwanza mjini kutengeneza filamu, zile bubu, katika jumba lake la vioo lililoingiza mwanga wa kupigia picha. Na Barend hakuwa amegusa kahawa yake.

— Kamuua jua, alisema Admirali. Kutwa kucha ndani ya vioo kama mche wa nyanya. Limemla kidogo kidogo. Haba na haba hujaza kibaba.

— Jua gani, Admirali? aliuliza Bi Trui. Hapa Haarlem?

— Hilo hilo dogo.

— Acha fiksi, alisema Profesa. Ni ile mashine ya kupigia picha. Ukizungushwa ule mkono, inakunyonya pumzi. Mbona watu wake kwenye picha hawasemi? Sauti imebaki sandukuni. Kimya kingi kina mshindo mkuu.

— Na mpigapicha wake mbona mzima? aliuliza Bi Trui. Juzi kanywa hapa vikombe vitatu.

— Yeye hukaa nyuma. Pumzi inanyonywa kwa mbele.

Admirali akatikisa kichwa.

— Basi hajafa. Kaingia ndani ya filamu, kwa yule binti mwenye manyoya kofiani. Anayemtaka akanunue tiketi.

— Barend kamtangaza, bwana, alisema Profesa. Barend akisema umekufa, umekufa.

Barend akatazama viatu vyake. Jana Terhorst alimwomba atembee akitangaza kifo mbele ya kamera. Barend akasema habishi mlango bila jina, na jina la kubuni laweza kumwangukia mtu. Terhorst akacheka: tumia langu. Milango mitatu ya kwanza ilikuwa imeambiwa ni mchezo. Kwenye wa tatu utepe wa filamu ukaisha, Terhorst na watu wake wakafunga vyombo wakapanda treni kwenda pwani ya Zandvoort kupiga picha za mawimbi. Hakuna aliyemwambia mzee asimame. Na mtangaza misiba akishaanza mzunguko hageuki nyuma, ni mwiko. Barend akadhani kamera bado inamfuata, akaumaliza mtaa mzima; alipogeuka mwishoni hakuona mtu.

Tayari wenye pesa walikuwa wakitangaza misiba yao gazetini. Ikijulikana amemzika mtu aliye hai, nani atamfungulia tena mlango? Na hana kazi nyingine anayoijua.

Akapita mwanamke mgeni, mkimbizi wa vita kutoka Ubelgiji, na kikapu cha mayai.

— Poleni na msiba. Anazikwa lini?

Admirali akamtazama Profesa. Profesa akamtazama Barend. Miaka yote ile, Barend hajawahi kutaja maiti bila kutaja siku ya mazishi.

— Kwangu ulisema siku gani? aliuliza Profesa.

— Sikusema.

— Kwa nini?

— Sikupewa, alisema Barend, akaiweka kofia benchini. Akawaeleza yote.

Hawajampa hata pole, huyo Terhorst anatoka stesheni, pua nyekundu kwa upepo, kamera begani.

— Jamani, nani kafa?

— Wewe, alisema Bi Trui, akalisogeza birika mbali naye.

Aliposimuliwa alicheka mpaka akashika mbavu. Akasema hiyo nayo ni filamu, akaanza kufungua miguu ya kamera.

— Cheka, mwanangu, alisema Bi Trui. Kesho mzee huyu akija kuniambia dada yangu kafa, nimwamini au nicheke?

Terhorst akamwona Barend. Kicheko kikamkauka.

Bi Trui ndiye aliyetaja malipo ya kosa hilo: aende mwenyewe kujikanusha mlango kwa mlango. Sanduku la kamera likabaki pale rehani, na Admirali akalikalia. Terhorst akavishwa joho la Barend lililomfika magotini na kofia iliyomfunika masikio, akabisha kila mlango:

— Mimi ndiye marehemu wa jana. Barend hakudanganya. Aliyedanganya ni mimi.

Wapo waliomfungia mlango usoni. Mmoja alimwambia alikuwa afadhali jana. Lakini kila alipopita, mapazia yalifunguka nyuma yake, moja baada ya jingine, vichwa vikachomoza madirishani, na lile jua dogo la Haarlem likaangaza mtaa mzima. Picha nzuri kuliko zote za maisha yake, na kamera iko chini ya Admirali. Na Barend alikuwa ubavuni kwake, akimnong'oneza kila alipotaka kugeuka kuitazama:

— Hatugeuki nyuma, Bwana.