Mama Kibano na Ukwato wa Mwisho wa Bwana Mdogo

Tarehe 30 Juni, fundi mkuu wa visukuku katika karakana ya makumbusho yetu anastaafu baada ya miaka thelathini na mmoja ya utumishi. Kwenye faili ana jina lake kamili. Kwetu sisi ni Mama Kibano, kwa sababu kibano hakimtoki mkononi, hata ukimpa biskuti.

Alianza kazi kwa kuosha brashi. Baadaye akapewa sindano, taa na bonge la jiwe ambalo hakuna aliyelitaka, na humo akamtoa Bwana Mdogo: mnyama mwenye kwato, mdogo kuliko paka, wa jenasi iliyotoweka duniani mamilioni ya miaka iliyopita. Alikuwa na vidole, na kila kidole kilivaa ukwato wake. Mama Kibano alimchambua mfupa kwa mfupa, huku akimsimulia habari za nyumbani kana kwamba anamsuka nywele. Kisha, mwaka ambao kitinda mimba wake alianza shule, ukwato wa mwisho, usiozidi punje ya hindi, uliruka kutoka kwenye kibano ukapotea.

Wageni huuliza kwa nini karakana yetu huganda ghafla. Ni sheria yake. Kipande kikiruka anapiga ukelele, "Msisogee!" na kila mtu anabaki alivyo, mguu juu, mpaka aseme, "Kimepatikana, tembeeni." Mumewe anatuambia hata nyumbani kifungo kikidondoka, wakwe husimama na sahani mikononi. Lakini siku ile tulisimama mpaka miguu ikafa ganzi, na neno la pili halikuja. Tangu hapo takataka za sakafuni huchekechwa kabla ya kutupwa.

Wakubwa walitaka tuchonge ukwato wa plasta. Alikataa katakata. Alisema Bwana Mdogo hatavalishwa kiatu cha kuazima, na yeye haondoki hapa akamwacha na mguu pungufu. Kadiri tarehe ilivyokaribia ndivyo alivyopungua maneno, nasi tukaacha kumtania. Ilituuma sana.

Jumanne iliyopita seremala alikuja kuifungua meza yake kuukuu. Akang'oa ubao wa pembeni, na ndani ya ufa uliojificha nyuma yake, mbele ya macho yetu, ukwato! Tulipiga kelele mpaka walinzi wakaja mbio. Mama Kibano akaushika, na mkono ambao hatujawahi kuuona ukitetemeka, ukatetemeka. Ukwato ukaruka tena.

"Msisogee!"

Mkurugenzi alikuwa mlangoni, kikombe cha chai kimeshagusa mdomo. Akaganda, Mungu ambariki. Tulipekua sakafu, tukapekua mikunjo ya nguo, mwishowe macho yote yakahamia kwenye kikombe. Chai ikachujwa kwa chekeche lile lile la takataka, na ukwato ukabaki juu ya wavu, mzima, umelowa sukari. Jamani, tulicheka huku tunalia!

Bwana Mdogo sasa amesimama kwa miguu minne iliyotimia. Asante, Mama, kwa mikono yako na kwa ukali wako. Tunakutakia siku njema, usingizi wa kutosha na vifungo visivyodondoka. Leo ukielekea mlangoni, sote tutatamani kupaza sauti, "Usisogee!" Tutajizuia.

Kimepatikana, Mama. Tembea.