Njia ya kwa Bibi

Benchi letu liko nje ya duka la Kinyozi, mguu wake mmoja umeegemea tofali kwa sababu Kinyozi ni bahili hata wa msumari. Kahawa namimina mimi. Wateja wangu ni walewale: Kinyozi mwenyewe, Jaji, yaani yule dereva mstaafu wa lori ambaye hajawahi kukanyaga mahakamani ila hapendi kupingwa, na Soli, fundi viatu. Jioni hiyo Soli hakuwa na utani, kesi yake ilikuwa kesho. Tangu utotoni sisi wa nyumba za nyuma tulitokea barabarani kwa kukatiza kiwanja cha Bibi, mzee jirani yetu. Bibi amefariki, mjukuu wake amerithi na kuhamia, na sasa anajenga ukuta. Ukuta ukisimama, mama yake Soli, ambaye yuko kwenye kiti cha magurudumu, hatoki tena, maana upande wa pili ni mtaro na utelezi mtupu. Ndiyo maana Soli amemshtaki mjukuu.

JAJI: Soli, acha kununa. Kesi hii mteremko. Ukipita mahali miaka nenda miaka rudi, njia inakuwa haki yako. Sheria hiyo.

SOLI: Wanataka ushahidi, Jaji.

JAJI: Sisi ni nini, mapambo?

KINYOZI: Njia yenyewe shahidi. Si unaona ilivyozama? Ile ni miguu yetu, bwana. Tuchimbe bonge la udongo, tulitue mezani kwa hakimu, puu!

JAJI: Udongo utakanwa. Tumpeleke mbuzi wangu. Mfungue popote mjini, atarudi kwa njia ya Bibi. Hakimu amfuate nyuma na joho lake.

SOLI: Na mbuzi ataapa vipi?

JAJI: Haapi! Ndiyo uzuri wake. Hana shemeji wa kumpendelea.

Hata Soli akacheka. Halafu, kama kawaida yetu tukishacheka, tukaanza kukumbuka.

KINYOZI: Siku namleta mke wangu nyumbani, mvua ilitukuta palepale. Kashika viatu mkononi. Bibi akatoka mbio na mwavuli, akamfunika yeye. Mimi aliniacha nilowe!

SOLI: Baba tulimpitisha pale akiwa kwenye jeneza. Tulikuta Bibi ameshaifagia njia yote, mwanzo hadi mwisho. Mgongo wenyewe ulikuwa umeshapinda.

Nikawamiminia tena bila kuulizwa. 

Ndipo akaja binti wa dada yake Soli, faili kwapani. Yeye ndiye wakili wake wa kesho.

BINTI: Shikamooni, wajomba.

JAJI: Marahaba! Kaa hapa, mwanasheria wetu. Andika: mashahidi watatu na mbuzi mmoja.

BINTI: Mbuzi tutamwona baadaye. Hebu niambieni, mlipokuwa mkipita kwa Bibi, mlikuwa mnapitaje?

KINYOZI: Kwa adabu! Ukifika kwenye mpapai unabisha hodi. Bibi akisema, “Pita, mwanangu,” unapita. Asiposema, unangoja.

JAJI: Mimi hata nikiwa nimelewa nilibisha. Kuna siku hakuwepo, nikasimama pale nangoja jibu mpaka pombe ikanitoka.

SOLI: Kesho nitaanza na hilo. Hakimu ajue sisi si wahuni.

Yule binti hakuandika neno. Akaweka chini taratibu kikombe nilichompa.

BINTI: Mjomba, hilo ndilo linalotumaliza. Njia inakuwa haki yako kama uliipita kama yako, mchana kweupe, bila kumwomba mtu. Mkiomba mkaruhusiwa, basi ni hisani ya Bibi. Na hisani mjukuu anaweza kuikata.

KINYOZI: Yaani tungekuwa washenzi tungeshinda?

BINTI: Sheria sikuitunga mimi. Hakuna aliyewahi kupita bila hodi? Hata mara moja?

Jaji akatikisa kichwa. 

SOLI: Kesho wataanza kuniuliza mimi?

BINTI: Wewe, mjomba.

SOLI: Basi nitasema nilibisha. Mama atakuwa pale ananisikiliza. Na Bibi aliniitikia siku zote, hata alipokuwa hoi kitandani alijikaza akaniitikia. Siwezi kusimama mbele za watu nikasema hakuna aliyenikaribisha.

 Kinyozi akamshika bega. Binti akauliza, kwa upole tu:

BINTI: Hisani huombwa, mjomba. Na huyu mjukuu, tangu ahamie, kuna aliyembishia hodi?

Hakuna hata mmoja wetu. Tangu tumzike Bibi tulikuwa tunapita tu, bila hodi.